"Kila mtu ana ukweli wake": kauli inayochanganya mtazamo na ukweli

Ni vigumu siku hizi kumaliza wiki Arusha mjini bila kusikia mtu akifunga mjadala kwa maneno haya: "Kila mtu ana ukweli wake." Yanasemwa kwenye kikao cha harusi, michango isipolingana na daftari la mweka hazina. Yanasemwa kwenye kundi la WhatsApp la wazazi, na kwenye vipindi vya redio pale wageni wawili wanapokinzana na mtangazaji anataka kwenda kwenye tangazo. Kauli hii inapendwa kwa sababu ina sura ya heshima: hakuna anayeaibishwa, kila mtu anaondoka na lake.

Shida ni kwamba ndani yake zimo hoja mbili, na watu wanazipokea kana kwamba ni moja. Ya kwanza inasema kila mtu huliona jambo kutoka mahali alipo. Hiyo ni sahihi kabisa. Ya pili inasema kwamba, kwa hiyo, jambo lenyewe halipo, kuna wanavyoliona watu tu. Hiyo si sahihi, wala haitokani na ile ya kwanza. Nitajaribu kuzitenganisha, kwa sababu naamini kuzichanganya kunatugharimu zaidi ya tunavyodhani.

Tuanze na maneno matatu. Ukweli ni jinsi mambo yalivyo, watu wakijua au wasijue. Mtazamo ni jinsi mambo hayo yanavyojitokeza kwa mtu aliye mahali fulani, na "mahali" hapa si ardhi tu: ni pamoja na umri wake, kazi yake, lugha anayoijua, na kile anachotarajia kupata au kupoteza. Maoni ni hukumu ya mtu juu ya kipi kinapendeza au kinafaa. Watu wa Machame na watu wa Marangu wakibishana Kibo, kilele kikuu cha Kilimanjaro, inapendeza zaidi ikitazamwa kutoka kwa nani, hayo ni maoni, na hakuna sababu ya kutafuta mshindi. Wakibishana Kibo ina kimo gani, wameshatoka kwenye maoni.

Mlima unatusaidia sana hapa. Simama Mnara wa Saa pale Arusha asubuhi isiyo na mawingu, utazame Meru. Utaona mlima mzima, umechongoka vizuri, mabega yake yakishuka pande zote mbili. Sasa zunguka kwa barabara ya Usa River hadi Momella, ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Arusha, uutazame kutoka mashariki. Mlima ule ule uko wazi. Upande wake wa mashariki uliporomoka maelfu ya miaka iliyopita, ukaacha ukuta wa mwamba uliopinda kama kwato, na katikati ya shimo limesimama rundo kubwa la majivu ya volkeno lenye ncha. Aliyezaliwa na kuzeeka upande wa mjini anaweza kuapa kwamba Meru haina tundu. Mpagazi anayepita Miriakamba, kituo cha wapandaji upande wa mashariki, kila msimu atamshangaa.

Nani mkweli? Wote wawili, mradi kila mmoja aseme alichokiona na alipokuwa. Mtu wa mjini akisema, "Kutoka hapa mlima unaonekana mzima," amesema kweli. Anakosea pale tu anapoondoa neno "kutoka hapa" na kusema mlima ni mzima. Na kuna jambo la kina zaidi ambalo mara nyingi tunalipita. Ukishalijua umbo halisi la Meru, unaweza kueleza kwa nini wa mjini anaona vile na wa Momella anaona hivi. Unaweza hata kutabiri ataona nini mtu ambaye bado hajafika. Hali kadhalika Kilimanjaro: anayeitazama kutoka Moshi anaiona Mawenzi, kilele chake cha pili, kulia kwa Kibo, na anayeitazama kutoka Loitokitok, upande wa Kenya, anaiona kushoto. Wakipigiana simu watabishana mpaka salio liishe, hadi mmoja akumbuke kuuliza, "Kwani umesimama wapi?" Jibu likipatikana, ugomvi umekwisha, kwa kuwa Mawenzi iko mashariki ya Kibo kwa wote wawili. Kama kila mtu angekuwa na mlima wake, utabiri wa namna hiyo usingewezekana. Tofauti za mitazamo zinaelezeka kwa sababu kitu kinachotazamwa ni kimoja.

Vipimo navyo viko hivyo hivyo. Vitabu vya shule vinasema Kilimanjaro ina mita 5,895. Mwingine atakwambia inainuka takriban mita 4,900. Hawapingani: wa kwanza anapima kutoka usawa wa bahari, wa pili anapima kutoka tambarare iliyo miguuni mwake. Pa kuanzia kupima panachaguliwa na watu, lakini pakishachaguliwa, jibu halichaguliwi tena. Anayesema mlima una mita 7,000 hana pa kusimama popote ambapo kauli hiyo itakuwa kweli.

Mawazo haya si mapya. Huko India, wafuasi wa dini ya Jaini, inayomheshimu mwalimu Mahavira aliyeishi zaidi ya miaka 2,400 iliyopita, walijenga mafundisho yanayoitwa anekantavada. Kiini chake ni kwamba kila kitu kina pande nyingi, na kauli yoyote ya binadamu hushika upande mmoja au miwili tu. Kwa hiyo walifundishana kuongeza neno dogo mbele ya kauli zao, syat, lenye maana ya "kwa upande fulani". Waliupa kila upande mmoja wa kuona jina naya. Ajabu ni kwamba hawakuishia hapo, na hapa ndipo wengi wanaoyataja mafundisho haya wanapoyapotosha. Walitambua pia durnaya, yaani mtazamo mbaya. Mtazamo haugeuki mbaya kwa kuwa wa upande mmoja, maana yote ni ya upande mmoja. Unakuwa mbaya pale unapojitangaza kuwa ndio wote na kuifuta mingine.

Waumini wengi wa kwetu, Waislamu kwa Wakristo, husita wakisikia kwamba ukweli una pande nyingi, kwa hofu kwamba mwisho wake ni kusema hakuna ukweli. Hofu hiyo ina msingi, lakini Wajaini si wa kulaumiwa. Wao wenyewe wanaamini wapo waliokamilika, wenye ujuzi wote, wanaouona ukweli kwa pande zake zote kwa pamoja. Ukweli mzima upo. Binadamu wa kawaida ndiye hajaufikia, na ndiyo maana anapaswa kupunguza sauti.

Mfano bora wa durnaya ninaoujua haukutokea India. Ulitokea hapa hapa, baina ya Moshi na London. Mei 1848 mmisionari Mjerumani Johannes Rebmann, akitokea Rabai karibu na Mombasa, alikuwa njiani kuelekea Uchaggani. Tarehe 11 aliona kitu cheupe juu ya mlima, na mwongozaji wake akamwambia tu kwamba ni baridi. Rebmann akaelewa kuwa ni theluji. Baadaye akaelezwa kwamba Wachagga walikwishajua habari zake: kile cheupe kinachong'aa kama fedha kikishushwa chini hugeuka maji. Taarifa yake ilichapishwa Uingereza mwaka uliofuata.

London haikumwamini. William Desborough Cooley, mtaalamu wa jiografia aliyekuwa na jina kubwa kwa maandishi yake juu ya Afrika ingawa hakuwahi kufika ndani ya bara hili, alikataa katakata. Hoja yake ilikuwa nyepesi kueleweka: karibu na ikweta jua ni kali, kwa hiyo theluji haiwezi kudumu. Ona jinsi kosa lake lilivyo. Hakuanza na uongo. Karibu na ikweta kuna joto, kweli, ukiwa Tanga au Mombasa. Lakini hewa hupoa kadiri unavyopanda, kwa wastani nyuzi sita hivi kwa kila mita 1,000, na kutoka Moshi mjini hadi kileleni ni kama mita 5,000 kwenda juu. Mchana wa nyuzi 30 mjini unaweza kuwa wakati wa kuganda kule juu. Cooley aliuchukua ukweli wa pwani akaupandisha hadi kileleni bila kubadilisha chochote. Alikuwa na naya, akaifanya durnaya.

Mwaka 1862 Baron Karl Klaus von der Decken alipanda zaidi ya mita 4,000, na theluji ikamwangukia yeye na wenzake. Mwaka 1889 Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walifika kileleni na kuikanyaga barafu. Fikiria sasa tungetumia kauli yetu pendwa: Rebmann ana ukweli wake, Cooley ana ukweli wake, na wazee wa Kichagga wana wa kwao. Sentensi hiyo inasikika kama inawaheshimu Wachagga, lakini inawanyima kitu walichostahili kupewa, yaani kukiri kwamba walikuwa sahihi na bwana mkubwa wa London alikosea. Hili linanigusa sana. Wanyonge ndio wanaohitaji ukweli uwe mmoja kwa wote, kwa sababu hawana kingine cha kumshinda nacho mwenye cheo.

Wanaoitetea kauli hii kwa usomi hupenda kuwataja wanafalsafa wawili. Mmoja ni Protagoras, Mgiriki wa karne ya 5 kabla ya Kristo, aliyefundisha kuwa mtu ndiye kipimo cha vitu vyote. Mwenzake Plato alimjibu mapema sana: kama kila linaloonekana kweli kwa mtu ni kweli, basi anayeona kwamba Protagoras amekosea naye yuko sahihi, na fundisho linajiangusha lenyewe. Wa pili ni Mjerumani Friedrich Nietzsche, ambaye jina lake hutajwa kana kwamba alituruhusu kusema lolote. Ni kweli alishikilia kwamba hakuna kuona kusikotoka mahali fulani. Lakini mwaka 1887 aliandika pia kwamba kadiri tunavyotumia macho mengi zaidi kulitazama jambo moja, ndivyo tunavyolielewa kwa ukamilifu zaidi. Hayo si maneno ya mtu anayekuambia ubaki na lako.

Arusha yenyewe imekuwa shule ya jambo hili, na sidhani kama tumeitumia vya kutosha. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa ajili ya Rwanda iliundwa na Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa Novemba 1994, ikakaa katika jengo la mikutano la AICC hadi ilipofungwa mwishoni mwa 2015. Tarehe 2 Septemba 1998 ilimtia hatiani Jean-Paul Akayesu, aliyekuwa meya wa Taba, na ikawa mara ya kwanza kwa mahakama ya kimataifa kumhukumu mtu kwa kosa la mauaji ya kimbari.

Mashahidi walizungumza Kinyarwanda, maneno yao yakafasiriwa kwa majaji waliotoka nchi nyingine kabisa. Wengi wao walikuwa wamepitia mambo ambayo kuyasimulia tu ni mateso. Wengine hawakuweza kutaja tarehe au saa, wala kukadiria umbali kwa mita, na ramani hawakuzizoea. Majaji walilieleza jambo hili kwa uwazi katika hukumu ile: walibaini kwamba baadhi ya mashahidi, kwa desturi ya kupokezana habari kwa mdomo, walisimulia waliyoyaona na waliyoyasikia bila kuyatenganisha. Wangeweza kufanya moja ya mambo mawili ya haraka. La kwanza, kuutupa ushahidi wote kwa kuwa haukulingana. La pili, kusema kila shahidi ana ukweli wake na kufunga faili. Hawakufanya lolote kati ya hayo. Waliuliza, tena na tena: hili uliliona mwenyewe au uliambiwa? Ulikuwa umesimama wapi? Kati yako na yeye kulikuwa na nini? Shahidi akiulizwa hivyo, mara nyingi alitenganisha vizuri. Majaji wakalinganisha kauli na kauli, wakaruhusu tofauti ndogo ambazo mahali, muda na kiwewe vinazieleza, na wakatafuta kile ambacho kauli hizo zote zilikuwa zinakizunguka.

Miaka minane baadaye, Juni 2006, Chumba cha Rufaa cha mahakama hiyo kiliamua kwamba kutokea kwa mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi mwaka 1994 ni jambo linalojulikana na wote, lisilohitaji kuthibitishwa upya katika kila kesi. Bado kila mshtakiwa alipaswa kuthibitishiwa kosa lake mwenyewe. Lakini mjadala wa kama yalitokea ulifungwa. Wapo wanaoyakana mpaka leo, na silaha wanayoipenda ni ile ile: hizo ni simulizi za upande mmoja, na sisi tuna zetu. Mtu anayesema "kila mtu ana ukweli wake" kwenye kikao cha harusi hana nia mbaya hata kidogo. Ninachoomba aone ni mlango anaouacha wazi.

Kuna kauli nyingine mbili zinazotembea pamoja na hii. Moja ni kwamba ukweli huwa katikati. Mzee anapopatanisha wanandoa anaweza kuanza na dhana hiyo ili kila mmoja akubali kukaa kitako, na hapo inafaa. Kama kanuni ya kujua mambo haifai. Mmoja akisema mlima una mita 5,895 na mwingine akisema 7,000, katikati yao hakuna chochote. Tena anayejua desturi ya watu kugawa katikati atatia chumvi makusudi ili katikati isogee upande wake. Ya pili ni kwamba msema kweli ni yule asiye na upande. Mtu wa namna hiyo hajazaliwa. Bora anayesema, "Mimi ni mjomba wa bwana harusi, na nilikuwa mlangoni, sikuona ya ndani," kuliko anayejifanya anaongea kutoka mawinguni. Kutaja mahali ulipo hakuipunguzii kauli yako nguvu. Kunampa mwenzio njia ya kwenda kusimama hapo akaikague.

Katika falsafa ya Afrika mvutano huu umejadiliwa kwa ukali mzuri. Kwasi Wiredu wa Ghana, aliyefariki 2022, alidai kwamba tunachokiita ukweli daima ni hukumu ya mtu fulani, kutoka mtazamo fulani. Hakumaanisha hukumu ya ovyo. Alimaanisha ile iliyofikiwa kwa uchunguzi na hoja. Henry Odera Oruka wa Chuo Kikuu cha Nairobi, aliyefariki 1995, alimpinga: ukweli ukishalinganishwa na wanachokishikilia watu, utampimaje mtu aliyechunguza kwa bidii na bado akakosea? Nimewasoma wote wawili kwa heshima, na naegemea kwa Oruka. Wiredu alieleza vizuri jinsi tunavyoufikia ukweli. Hata hivyo kuifikia Momella si sawa na Momella kuwepo. Ile barafu ilikuwa juu ya Kibo miaka yote Cooley alipokuwa akiandika, na ingekuwepo hata kama Rebmann angebaki Rabai.

Haya yote yanashuka hadi kwenye kihamba, shamba la ukoo la Wachagga. Chukulia ndugu wawili wa Kibosho wanaogombea kipande cha migomba. Mkubwa anasema, "Baba alinipa." Mdogo anasema, "Baba alikuazima tu mpaka nitakapooa." Wazee wanaojua kazi yao hawaanzi kwa kuuliza nani ana hasira zaidi. Wanawatenganisha. Wanamuuliza kila mmoja baba alisema lini, walikuwa wapi, nani mwingine alisikia. Shangazi anaitwa, maana ndiye aliyekuwepo jikoni siku ile. Kisha wote wanakwenda shambani kufuata mstari wa masale, mimea inayopandwa kuonyesha mpaka. Sale lililopandwa miaka mingi lina shina lililokomaa na matawi kadhaa, na lililochomekwa mwaka jana halidanganyi mtu. Mara nyingi inagundulika kwamba baba aliyasema yote mawili, kwa nyakati tofauti: aliazima kwanza, kisha akatoa, na mdogo alikuwa kazini Arusha siku ile ya pili.

Mara nyingine haigunduliki kitu. Shangazi amekwishafariki, masale yamekatwa, na baba aliliweka jambo moyoni mwake. Ukweli wa alichokusudia ulikuwepo, ila hakuna tena pa kusimama ili kuuona. Wazee wenye busara hapo husema wazi kwamba hawajui, wala hawamgawii kila ndugu ukweli wake. Wanahamia kwenye swali jingine, la kugawana ardhi bila kudhulumiana, na swali hilo wanalijadili kwa hoja zake.